Dawa Mbili za Bi Mwanaima

Kila Alhamisi ya pili ya mwezi Bi Mwanaima alivaa nikabu. Siku nyingine zote Ujiji ilimjua kwa uso wake: mama wa miaka hamsini na miwili, mwembamba, mwenye kovu la moto lililoanzia chini ya sikio la kushoto likashuka hadi begani. Lakini Alhamisi hiyo alijifunika akabakiza macho, akatoka kwa mlango wa uani, akatembea mpaka mtaa wa tatu ambako hakuna aliyemjua mwendo, ndipo akasimamisha bajaji kwenda Kigoma mjini, hospitali. Huko alikaa kwenye benchi la mwisho, mbele ya chumba ambacho wapita njia hukipita wakitazama ukuta wa pili, kwa kuwa ni chumba cha wagonjwa wa akili na wa kifafa. Alipewa vidonge vyeupe vya mwezi mzima. Alivitia kwenye kopo la majani ya chai, akalifunga, akarudi nyumbani kwake Kitongoni, pale Ujiji, kuendelea kuwa mganga.

Maana Bi Mwanaima alikuwa mganga, tena wa kifafa. Watu walimjia kutoka Gungu na Mwandiga, wengine walivuka ziwa kutoka Kalemie wakiwa na mgonjwa aliyefungwa kamba kiunoni asije akadondoka majini. Yeye alikwenda mwenyewe vilimani na jembe dogo, akachimba mizizi ya mtopetope wa porini, akabandua na magome ya mti mwingine aliouonyeshwa na bibi yake mzaa mama, akavianika, akavitwanga. Dawa yenyewe ilikuwa chungu ya kukunja ulimi. Lakini watu hawakuifuata dawa. Walimfuata yeye.

"Mwangalieni Mwanaima," walisema. "Alikuwa anaanguka mpaka motoni. Leo mwaka wa kumi na tisa."

Na kweli alikuwa akianguka. Ilimwanza akiwa na miaka kumi na mitatu, darasani, mbele ya wenzake. Tangu siku hiyo mama yake alimtengea sahani yake na kikombe chake, na hakuna mkono mwingine uliogusa vyombo hivyo, kwa kuwa watu waliamini povu la mwenye kifafa huambukiza. Alipoanguka, walisimama mbali wakingoja povu likauke. Kovu lile alilipata hivyo. Aliangukia jiko la mawese, na wanawake watatu waliokuwa pale walipiga mayowe, wakaita majirani, wakamwita Mungu, ila hakuna aliyemvuta. Aliyemvuta ni mpita njia, mgeni, asiyejua anamshika nani.

Aliolewa na Asumani, mfanyabiashara wa migebuka, samaki wa ziwani. Wazee wa nyumbani hawakumwambia Asumani habari ya maradhi. Mwezi wa pili akaanguka mbele ya wakwe. Asumani hakumpiga wala hakumtukana. Aliandika talaka kwa mwandiko mzuri, akaikunja mara nne, akampa na nauli.

Alipofikia miaka thelathini na mitatu, bibi yake alimchukua akamnywesha mzizi. Wiki hiyohiyo, wauguzi waliokuwa wakipita mitaani na gari waliweka meza shuleni, na mmoja wao akampa vidonge. Akavinywa vyote viwili. Bibi alijua habari ya mzizi tu. Mwezi ukapita bila kuanguka, ukapita wa pili, ukaisha mwaka. Bibi alitembea mtaa kwa mtaa akitangaza, na kwenye harusi ya kwanza baada ya mwaka ule, mwanamke mmoja alimshika Mwanaima mkono akamkalisha kwenye sinia la pilau pamoja na wenzake wanne. Mikono yao ikagusana ndani ya wali. Mwanaima akatokwa na machozi, akasingizia pilipili.

Basi baada ya hapo angesema nini? Kwamba ni vidonge? Bibi alikuwa hai, na furaha ilikuwa kama imemrudishia meno. Watu walianza kubisha hodi. Siri ya mtungi aijuaye ni kata, na kata alikuwa yeye peke yake.

Alikuwa ameshajaribu kujua ukweli. Mwaka mmoja aliacha mzizi miezi mitatu, akanywa vidonge tu. Hakuna kilichotokea. Mwaka uliofuata akaacha vidonge, akanywa mzizi asubuhi na jioni, akazidisha kipimo. Siku ya tisa alikwenda ziwani kufua. Alizinduka amelala kwenye kokoto, mchanga mdomoni, kanga zake zinaelea mbali. Maji yalikuwa ya magotini tu, na hakuna aliyemwona. Alikusanya alichoweza, akarudi nyumbani, akafungua kopo. Tangu hapo alijua.

Ndiyo maana kila mgonjwa alimwambia neno moja: "Vidonge vya hospitali usiache. Hivi na mzizi ni ndugu." Wengi walimsikia. Wakapona, wakashukuru mzizi. Bi Mwanaima alijihesabia kwamba hajamdhuru mtu. Usiku alilala peke yake katika nyumba ya vyumba vitatu, na mchana nyumba ikajaa watu, na katika watu wale wote hakuna hata mmoja ambaye angeweza kumwambia, "Leo nimesahau kumeza, naogopa."

Mwezi wa tano, baada ya mvua kukatika, alikuja mzee mmoja wa Mwandiga aitwaye Nikodemu, mkulima wa mihogo na migazi, ile michikichi ya mawese. Aliongozana na binti yake, Happiness, miaka ishirini, fundi cherehani. Nikodemu alikuwa mjane. Binti huyu ndiye aliyebaki naye nyumbani.

"Mwidiwe, Mama," alisalimia kwa Kiha, kisha akahamia Kiswahili. "Nimekuletea mwanangu."

"Shikamoo, Mama," alisema Happiness.

"Marahaba, mwanangu. Karibuni. Anaanguka tangu lini?"

"Tangu darasa la sita," alijibu baba. "Lakini sasa ana miezi minane hajaanguka. Anameza vidonge."

Bi Mwanaima akatabasamu. "Basi mnatafuta nini kwangu? Miezi minane ni neema. Aendelee."

Nikodemu alivua kofia, akaizungusha mikononi. "Mama, alikuwa na mchumba. Watu wa Kasulu, waungwana. Walikuja nyumbani, shangazi wa kijana akaviona vidonge kwenye mkoba wake. Akauliza vya nini. Mwanangu hajui kusema uongo, akasema. Wakanywa soda zao, wakaaga vizuri. Hawajarudi."

Happiness alikuwa akitazama vidole vyake. Kwenye kidole cha shahada alikuwa na alama nyingi ndogo za sindano.

"Mtu akimeza vidonge kila siku, wanasema ni mgonjwa, hata kama haanguki," Nikodemu aliendelea. "Lakini wewe umepona. Humezi kitu. Nataka mwanangu apone kama wewe, aviache, awe mtu kama watu."

"Baba Happiness, vidonge asiache. Vinakwenda pamoja na—"

"Wewe unameza?"

Wanawake wawili waliokuwa wakingoja zamu yao kwenye mkeka waligeuza shingo. Mmoja wao ndiye aliyemkalisha kwenye sinia la harusi miaka ile.

"Nakuuliza, Mama, kwa heshima. Wewe unameza vidonge?"

"Hapana," alisema Bi Mwanaima.

"Basi."

Alimpimia mzizi vijiko saba kwenye karatasi. Mkono wake haukutetemeka, na jambo hilo ndilo lililomuudhi baadaye kuliko yote. Walipokuwa wakitoka alimshika Happiness mkono mlangoni, akamnong'oneza, "Usiviache ghafla, mwanangu." Binti akamtazama kama mtu aliyesikia sauti mbili kutoka mdomo mmoja, akamfuata baba yake.

Siku ya sita, Jumatano saa mbili asubuhi, simu ililia.

"Mama, ni Nikodemu." Alikuwa akihema. "Anaanguka tangu alfajiri. Akitulia kidogo inamrudia, hazinduki katikati. Nimemnywesha mzizi wako, unamwagika tu. Njoo na mkali zaidi."

"Vidonge aliacha lini?"

"Siku ileile. Si ulisema wewe humezi?"

Bi Mwanaima alichukua kopo la majani ya chai, akalitia kwapani chini ya kanga, akatoka hivyohivyo, uso wazi, malapa miguuni, akapanda bodaboda. Njiani dereva alimsemesha mara mbili, asimsikie. Alikuwa akifikiri neno moja tu: *hazinduki katikati*. Aliijua ile ya kuanguka na kuzinduka. Hii ya kutozinduka aliwahi kuisikia hospitalini, muuguzi akiwaonya wale wanaoacha dawa kwa mara moja, na siku ile alikuwa ameinamisha kichwa ndani ya nikabu yake.

Uani kwa Nikodemu kulikuwa na watu kama kumi na watano. Walisimama nusu duara, mbali, kama watu wanaotazama nyumba inayoungua. Katikati, juu ya jamvi, Happiness alikuwa akitupatupa mikono, kijiko kimelazimishwa katikati ya meno, damu na povu shingoni. Baba yake alikuwa amepiga magoti kichwani pake, akimshika mabega. Yeye peke yake.

Bi Mwanaima alipita katikati ya watu. Alikaa chini, akakitoa kile kijiko, akamlaza binti ubavu, akakunja kanga yake ya juu akaiweka chini ya kichwa. Kwa ncha ya kanga aliyobaki nayo alimfuta povu mdomoni, puani, shingoni. Nyuma yake alisikia mtu akivuta pumzi kwa hofu.

"Msimtie kitu mdomoni. Nani ana gari? Aende hospitali sasa hivi."

"Gari la nini?" alisema Nikodemu. "Toa mzizi, Mama. Ulio mkali."

"Hakuna mkali."

"Bibi yako alikuponya na nini?"

Bi Mwanaima akalitoa kopo kwapani, akalifungua, akamwonyesha. Vidonge vilikuwa vichache, siku zimebaki nane kufikia kliniki.

"Na hivi," alisema. Sauti ilitoka kubwa kuliko alivyokusudia, watu wote wakasikia. "Nameza kila siku. Mwaka wa kumi na tisa huu. Nikiviacha naanguka kama yeye. Nilikudanganya, Baba Happiness. Gari!"

Nikodemu alilitazama kopo, kisha uso wake, kisha kopo tena. Jirani mmoja, Meshack, muuza mbao, alikuwa wa kwanza kutikisika. Alikimbia kuwasha gari lake dogo la mizigo. Walimpandisha binti nyuma, kichwa kikawa mapajani pa Bi Mwanaima, na njia nzima kutoka Mwandiga aliushika ule mwili usitupwe na mashimo ya barabara. Alihesabu pumzi zake. Baba yake alikaa upande wa pili, ameishika miguu ya mwanawe, hakumtazama mganga hata mara moja.

Hospitali walimchoma sindano, wakamchoma nyingine, wakamtundikia dripu. Ilipokaribia saa sita mwili ulilegea. Muuguzi aliyetoka kuwaambia alikuwa Oswald, yule wa chumba cha Alhamisi. Alizungumza na Nikodemu kwanza, polepole. Kisha akamgeukia Bi Mwanaima, akamtazama machoni, akakunja uso kama mtu anayetafuta jina.

"Mama, leo si siku yako."

"Najua, daktari."

"Sijawahi kukuona uso." Akaliona kovu, akaondoa macho kwa adabu. "Huyu ni nani wako?"

"Ni mgonjwa wangu," alisema.

Nikodemu aliinuka kutoka kwenye benchi. Hakupaza sauti. Ingekuwa afadhali angepaza.

"Nilikuuliza," alisema. "Nilikuuliza mara mbili."

Akaingia wodini, akafunga mlango nyuma yake.

Oswald akamletea maji. Alipokwisha kunywa, Bi Mwanaima akamuuliza jambo ambalo hakuwa na mtu mwingine wa kumuuliza: ule mzizi, je, ni bure kabisa? Bibi yake alikuwa mwongo?

"Siwezi kusema hivyo," alijibu Oswald. "Miti mingine ina kitu ndani yake kweli. Huko vyuoni watu wanaichemsha, wanaipima. Mingine inatuliza, mingine inaleta usingizi tu, mingine ni sumu, inaweza hata kumwangusha mtu ambaye angekuwa mzima. Wako sijui ni upi. Na wewe hujui, Mama. Hilo ndilo tatizo. Bibi yako alikupa alichokuwa nacho."

Alilibeba neno hilo nyumbani kama mtu anayebeba mtungi uliopasuka.

Happiness hakufa. Siku mbili ulimi ulivimba hakuweza kusema, na jina la mtaa wao lilimpotea, likarudi siku ya nne. Bi Mwanaima aliyapata hayo kwa Meshack kwenye simu. Wodini hakurudi, Nikodemu alikataza.

Habari ilifika Ujiji siku ileile ya Jumatano kabla ya adhana ya Magharibi. Kesho yake mkeka ulikuwa mtupu. Siku ya tatu alikuja mtu mmoja kumtukana, naye akamwacha amalize. Wengine walisema hospitali imemnunua, kwamba alipewa chochote aikane dawa ya wazee. Akaja pia mama mmoja kutoka Gungu, amechoka, mwanawe mgongoni.

"Nipe hivyohivyo," alisema yule mama. "Hata kama ni uongo, nipe. Nimezoea kuja kwako."

Bi Mwanaima alitaka kumpa. Mungu ni shahidi, alitaka, kwa kuwa ndiye mtu wa kwanza kuketi kwenye mkeka ule baada ya siku kumi na mbili. Badala yake akamwelekeza chumba cha mwisho hospitalini, akamwambia ni Alhamisi, kwamba muuguzi anaitwa Oswald na hana kelele. Mama yule aliondoka bila kuaga.

Mwezi wa sita kulikuwa na arobaini ya jirani. Alikwenda, akasoma na wenzake, akakaa mahali pake. Masinia yalipokuja, msichana mmoja alimletea chakula chake kwenye sahani, imefunikwa kwa sahani nyingine, vizuri, kwa magoti, kwa heshima zote. Alikula chote, maana kubakiza kungekuwa kulalamika, akashukuru, akaenda nyumbani.

Kliniki iliyofuata alikwenda uso wazi. Hakufanya hivyo kwa ujasiri. Hapakuwa na cha kuficha tena. Mizizi iliyobaki aliifukia nyuma ya nyumba, akaanza kuuza mawese ya rejareja kwenye chupa, na wanunuzi wake wengi walikuwa watu wasiomjua.

Ilipita miezi miwili na nusu. Ijumaa moja, jua la saa nane likiwa kali, mtu alibisha hodi. Ni Happiness. Alikuwa amekonda, nywele zimesukwa upya.

"Baba anajua uko hapa?"

"Hajui. Shikamoo, Mama."

"Marahaba." Bi Mwanaima alisimama mlangoni asijue afanye nini na mikono yake. "Umekuja kunisema? Sema, mwanangu. Una haki."

"Nilitaka kukusema," alijibu binti. "Kwenye bajaji nilikuwa nayapanga. Nimefika yamenitoka." Alivua viatu, akaingia, akakaa kwenye mkeka. "Ulinigusa. Meshack aliniambia. Watu wote pale, halafu wewe ukanifuta na kanga yako. Mimi hakuna mtu aliyewahi kunifuta. Baba mwenyewe hunishika mabega tu."

Bi Mwanaima aliketi naye. Happiness akasema, akitazama kuku aliyekuwa akipitapita uani:

"Mama, naweza kukuuliza kitu? Wewe, kabla ya kuanguka, unasikia nini?"

Katika miaka yote, tangu mama yake mpaka Asumani, tangu bibi mpaka waganga na wauguzi, watu walimuuliza anaanguka mara ngapi, kwa muda gani, anajikojolea au hajikojolei. Swali hili hakuwahi kuulizwa. Na yeye, katika wagonjwa wote aliowapokea, hakuwahi kuwauliza. Aliogopa wangemjua.

"Harufu," alisema. "Mahindi ya kuchoma. Hata kama hakuna moto nyumba nzima. Inakuja nzuri kabisa, tamu, halafu najua."

"Mahindi!" Happiness aligeuka, macho yamemtoka. "Mimi ni mtu ananiita. Kwa mbali, kama yuko ng'ambo ya mto. Jina langu la nyumbani. Nataka kuitika, kila mara nataka kuitika, na ndipo..."

"Ukiitika ndipo inakuchukua."

"Ndiyo! Umejuaje?"

"Mimi nikinusa mara ya pili."

Wakacheka. Walicheka mpaka Bi Mwanaima akashika ubavu, akajifuta macho, na safari hii hakusingizia kitu. Wakaendelea. Walisemezana juu ya ule uzito wa mwili baada ya kuzinduka, kama umetwangwa. Juu ya kuzisoma nyuso za watu kwanza ili ujue umefanya nini. Juu ya aibu ya nguo. Juu ya uso wa mtu anayekupenda na bado amerudi nyuma hatua moja. Happiness aliuliza kama mtu huzoea. Bi Mwanaima alikaribia kusema ndiyo, akajizuia.

"Hapana," alisema. "Unapata ujanja tu. Kuzoea, hapana."

Jua lilipoinama binti alivaa viatu. Alisema anakwenda Kahama kwa shangazi yake, mwisho wa mwezi, shangazi huyo ana duka la nguo na cherehani tatu. Huko hakuna anayemjua.

"Utawaambia?"

"Sijui, Mama." Alifikiri. "Shangazi nitamwambia. Wengine nitawaangalia kwanza."

"Na vidonge?"

"Kila jioni, saa mbili. Nimeweka simu inilie."

Bi Mwanaima alimsindikiza mpaka barabarani, akasimama hata bajaji ikakata kona.

Happiness hupiga simu, si mara nyingi, Jumapili baada ya ibada. Salio huisha haraka na kelele za Kahama ni nyingi. Huulizana kwanza kama kuna aliyeanguka, kisha habari za cherehani, kisha bei ya mawese. Wiki nyingine hapigi. Wiki kama hizo Bi Mwanaima humaliza siku saba bila kuzungumza na mtu zaidi ya kutaja bei, na mambo anayoyakumbuka ya kumwambia binti yule huyaweka, moja juu ya jingine, akingoja.